Zinakatwa Kabla Sijaziona

Hewa Bora, Lubumbashi
3 Agosti 2025

Yaya Liévin,

Kaka, nakuandikia kwenye karatasi kwa sababu kwenye simu tumeshindwa. Mara ya mwisho uliongea mpaka chai yangu ikapoa, nami nikakukatia. Mama amechoka kutupatanisha. Amesema mwenye neno aliandike, ampe Guelor wa taxi-bus, naye ataliteremsha Kambove pamoja na mizigo mingine. Basi huu ni mzigo wako.

Mzee Mahamudu anauza nyumba hii ninayopanga kwake. Useremala umemmaliza mgongo na anarudi Kindu kwa dada zake. Angeweza kuiuza kwa watu wa mgodi wenye magari marefu, lakini amekuja kwangu kwanza. Amesema: "Mama Léonie, wee njo uliziba mabati yangu wakati mie nilikuwa nalala mu hospitali. Nunua wewe." Anataka dola elfu thelathini.

Elfu sita ninazo. Ni matunda ya likelemba yetu ya ofisini, ule mchezo wa kuchangiana pesa, miaka tisa ya kupokezana zamu bila mtu kutoroka na zamu ya mwenzake. Elfu ishirini na nne zilizobaki itanipa benki, kwa miaka ishirini. Nitalipa dola 281 kila mwezi, na uzuri wake ni kwamba zinakatwa kwenye mshahara kabla sijaziona. Kitu usichokiona hakikuumi. Nitaishi kama mtu asiye na deni.

Sahihi ni Ijumaa tarehe 29. Tangu marehemu baba watoto aondoke, kila ofisi ninayoingia wananiuliza nimekuja na nani. Naomba safari hii niwe nimekuja na kaka yangu. Vaa lile koti lako la hotuba, lakini usihutubie.

Mdogo wako,
Léonie

*

Kambove
6 Agosti 2025

Léonie mdogo wangu,

Sitakuja. Koti limetundikwa na litabaki limetundikwa.

Wewe na mimi tulizaliwa kambini, katika nyumba ya kampuni ya mgodi. Kabla Baba hajapokea mshahara, kampuni ilikuwa imeshakata nyumba, unga, makaa, shule, hata mpira wa Jumapili. Alikuwa akirudi na noti chache mfukoni, na Mama anazipanga mezani na kusema: "Mushahara njo hii." Ni nani kati yetu aliyewahi kuuliza zile zingine zilikuwa ngapi? Watoto wa migodi walifundishwa jambo moja kwa bidii kuliko katekisimu, kwamba kilichokatwa si pesa. Siku kampuni ilipoanguka, mji mzima uligundua kwa mshangao kuwa unga una bei. Wazee walikufa bila kuamini.

Na leo mwanamke mwenye diploma, anayewasainisha madereva wa malori arobaini, ananiandikia kwa furaha kwamba zinakatwa kabla hajaziona. Mkoloni angekubusu kwenye paji la uso. Yeye alilazimika kuleta askari ili watu wakubali kukatwa. Wewe unapanga foleni na kalamu yako mwenyewe.

Nimesoma historia za mabenki ya nchi tatu na bado naitafuta benki moja iliyompenda mjane. Benki ni mgeni unayempa ufunguo wa nyumba, kisha unafurahi kwamba anaingia wakati umelala.

Mwache Mahamudu atafute mnunuzi mwingine. Huyo mnunuzi atakuwa mwenye nyumba wako mpya, utamlipa kodi yake, na jioni utalala bila mtu wa kumwogopa. Mpangaji ni mtu huru. Vyumba hivyo vitatu vinatutosha sote, kuna haja gani ya kuvinunua?

Kaka yako asiyesaini chochote,
Liévin

*

Hewa Bora, Lubumbashi
9 Agosti 2025

Yaya,

Kurasa nne. Nimezisoma mara mbili nikitafuta namba. Nimekuta mkoloni, nimekuta askari, nimekuta mabenki ya nchi tatu. Namba sikuiona hata moja. Wanafunzi wako wa historia wakikuandikia insha ya namna hii unawapa ngapi kwa ishirini?

Ngoja mimi nikupe. Umepanga kwa Mama Chomba miaka kumi na mitano, dola themanini kwa mwezi. Hizo ni dola 14,400. Kwa pesa hizo Mama Chomba amejenga nyumba ya pili, nimeiona kwa macho yangu, ina vigae vya rangi ya maziwa. Wewe umejenga nini? Umejenga hoja. Na huo uhuru wa mpangaji, ni ule uliokuwa nao Pasaka, Mama Chomba alipokuambia utoe nusu ya vitabu vyako kwa sababu anaogopa sakafu yake?

Mimi hapa nalipa mia mbili kila mwezi. Nikiendelea kupanga miaka ishirini nitakuwa nimetoa 48,000, na hiyo ni kama mwenye nyumba hatapandisha, jambo ambalo hata wewe, msomaji mkubwa, hujalisoma popote. Siku ya mwisho nitatoka na godoro langu. Hata msumari sitaruhusiwa kung'oa.

Kisha nieleze jambo dogo. Unasema vyumba vitatu vinatutosha sote. Mimi na wanangu wawili tuko watatu, na kila mmoja ana chumba chake. Hao "sote" wengine ni akina nani?

Léonie

*

Kambove
13 Agosti 2025

Léonie,

Umepiga vizuri, nakiri. Zile 14,400 nimelala nazo siku mbili. Jana nilimwamkia Mama Chomba bila kutabasamu, naye hajui kwa nini.

Lakini tazama ulichofanya. Kodi yangu umeizidisha kwa miaka kumi na mitano. Kodi yako umeizidisha kwa miaka ishirini. Umechukua penseli ukahesabu kila kitu, isipokuwa kitu kimoja tu unachokwenda kukisaini. Barua mbili, na mkopo wako bado unaitwa "281 kila mwezi", kama kwamba mwezi ni mmoja.

Jumla ni ngapi? Sitaki ya mwezi. Nataka ile ya mwisho, siku utakapotoa dola ya mwisho na nywele zako zimekuwa nyeupe. Zidisha mwenyewe, usije ukasema namba za Liévin zina hasira. Kisha nenda ukamwulize huyo mtu wa benki kwa sauti, mbele ya wateja wengine, na umwulize pia pesa hizo zinaingia wapi zikishakatwa. Ukirudi ukiniambia zote zinaingia kwenye nyumba, nitavaa koti.

Kuhusu "sote", ni neno la ufasaha tu. Waandishi hulitumia.

Liévin

*

Kambove
13 Agosti 2025

Tantine Léonie,

Ni mimi Plamedie. Papa amenituma nimpelekee Guelor barua yake, nami nimeongeza hii bila yeye kujua. Guelor amesema karatasi ya pili ni bure.

Naona mnagombana juu ya nyumba, na Papa hakuambii kitu cha maana. Mwezi wa kumi naanza chuo kikuu huko kwenu. Papa ameshatangaza kwa majirani, kwa padri, hata kwa mtu wa duka la sukari, kwamba nitakaa kwako na nitakula kwako, na pesa yake yote itaingia kwenye karo. Amemwambia kila mtu isipokuwa wewe. Alikuwa anasubiri siku nzuri ya kukuambia, ndipo barua yako ya benki ikafika.

Akiisoma alizunguka meza mara nyingi. Akasema, "Sasa atakuwa amefungwa, mutoto wangu atalala wapi." Kisha akaketi kukuandikia habari za mkoloni.

Usimwambie ni mimi. Yeye si mtu mbaya, Tantine. Kuomba tu ndiko kunamshinda.

Plamedie

*

Hewa Bora, Lubumbashi
20 Agosti 2025

Yaya Liévin,

Keti kabla ya kusoma.

Nilizidisha. 281 kwa miezi 240 ni 67,440. Nikafuta, nikazidisha tena, nikidhani nimeongeza sifuri. Kisha nikavaa kitenge changu cha harusi za watu na kwenda benki.

Anayeshughulikia mkopo wangu ni binti mmoja mpole, Madame Syntiche, mwenye miwani kwenye mnyororo. Nikamwambia:

"Madame, nikishamaliza kulipa, nitakuwa nimelipa ngapi yote pamoja?"

Akacheka kidogo. "Mama Léonie, bantu habaulizake ile. Banauliza ya mwezi."

"Mie nauliza ile."

"Itakutisha bure."

"Nitishe."

Akaigeuza kompyuta yake nikaona. Namba yangu ilikuwa sawa, na bima bado haimo humo. Nikamwuliza ile ya pili, ya kwamba pesa ya mwezi wa kwanza inaingia wapi. Hapo alivua miwani.

"Mia mbili na makumi sita iko ya banki. Makumi mbili na moja njo inaingia mu nyumba."

"Makumi mbili na moja tu?"

"Mwanzo iko vile, mama. Deni ikiwa ingali kubwa, faida ya banki nayo iko kubwa. Inapunguka polepole."

Nikaomba anionyeshe mwisho wa mwaka wa kwanza. Ningekuwa nimekatwa 3,372, na deni lingepungua kwa 270. Yaya, mwaka mzima wa kuamka saa kumi na moja, wa malori arobaini na kelele za madereva, nami ningekuwa nimenunua mlango mmoja wa chuma, tena bila kitasa. Kilichoniuma si benki. Benki haikunificha kitu. Kompyuta ilikuwa mezani tangu mwezi wa sita, sikuomba igeuzwe. Kwa kuwa zingekatwa kabla sijaziona, sikudhani kuna cha kuuliza.

Kwa hiyo kuhusu jumla ulikuwa na haki. Imeandikwa sasa, unaweza kuikata na kuitundika ukutani kwa Mama Chomba.

Lakini kuhusu nyumba bado umekosea. Nilipofika nyumbani nilimweleza Mzee Mahamudu. Aliendelea kupiga randa ubao wake mpaka nikamaliza, kisha akasema: "Mie dini yangu inanikataza riba. Wee dini yako haikukataza kuhesabu." Akanituma nirudi.

Nikarudi. Nikamwambia Madame Syntiche anifanyie miaka kumi. Ya mwezi inapanda, inakuwa 358. Jumla inashuka, inakuwa 42,960. Soma tena pole pole. Kwa kuongeza dola 77 kila mwezi, naokoa 24,480 mwishoni. Tofauti peke yake ni mkopo mwingine mzima na chenji ya chumvi. Hata hivyo mshahara wangu hauruhusu kukatwa 358. Benki inakubali kukata mpaka 281 na hapo inasimama, kwa sababu nina watoto. Ili waniruhusu miaka kumi, lazima nionyeshe dola 77 nyingine zinazoingia kila mwezi, na wanataka mkataba wenye sahihi. Ahadi ya ndugu hawaipokei.

Sasa tuje kwa "sote".

Nyuma ya nyumba kuna annexe, kile chumba chenye mlango wake ambamo Mzee Mahamudu anaweka mbao. Akiondoka kitakuwa wazi. Kina dirisha zuri, kinafaa msichana anayesoma chuo kikuu. Nimesikia kuna mmoja anakuja mwezi wa kumi. Usiniulize nimesikia wapi. Jambo ambalo mtu wa duka la sukari analijua si siri tena.

Atakula mezani kwangu kama mwanangu, hilo sihesabu na usithubutu kulihesabu. Lakini chumba utalipa, dola themanini. Ungemlipia popote pengine. Yaya, ulinitukana mtoto wa kambi kwa sababu sikuhesabu pesa zisizopita mkononi mwangu. Chumba cha Plamedie wewe ulikihesabu? Hukukihesabu, kwa kuwa kingekatwa kwangu kabla hujakiona.

Akishahitimu, nitampangisha mwingine. Nikipata mkataba wako kabla ya Ijumaa tarehe 29, natia sahihi miaka kumi. Nisipoupata, natia ile ya ishirini, kwa sababu nyumba hii siiachi. Uamuzi ni wako, na huu si ufasaha.

Léonie

*

Kambove
24 Agosti 2025

Léonie,

Barua yako niliisoma nimesimama, kwa ukaidi. Kisha nikaketi nikaisoma tena.

Nilitaka kukuandikia kurasa sita. Nilikuwa nimeshapata mwanzo mzuri, juu ya ndugu wanaogeuka wenye nyumba. Plamedie aliusoma akichungulia juu ya bega langu, akasema: "Papa, hapa umejibu nini?" Nimeuchana.

Ni kweli. Sikukuambia. Maisha yangu yote nimepinga vitu, nimezoea. Mtu akikataa hoja yangu, nampa nyingine. Lakini ukimwomba dada yako chumba naye akakataa, huna hoja ya pili. Basi nilipoona barua ya benki nikaona ni rahisi kupigana na benki. Ilistahili kupigwa, hilo silirudishi. Ila nilipokuambia ubaki mpangaji nilikuwa namtafutia mwanangu kitanda. Ningekuacha ulipe mwenye nyumba mgeni miaka ishirini, na ningeuita uhuru.

Kuhusu bei sikubaliani. Themanini kwa chumba kinachonuka gundi ya seremala ni wizi. Upungufu wako ni sabini na saba. Utapata sabini na saba. Hizo dola tatu ulizojiongezea ni ubepari, na ukiuacha uingie leo kwa dola tatu, kesho utavaa miwani kwenye mnyororo.

Mkataba nimeuandika mwenyewe, umo humu. Nimetia sahihi kila ukurasa, na padri amegonga mhuri wa parokia ingawa nilimwambia hauhitajiki. Usome kabla hujasaini, neno kwa neno. Ukinirudishia bila swali hata moja nitajua hujasoma.

Ijumaa nitapanda gari la Guelor la alfajiri. Koti limepigwa pasi. Siahidi kunyamaza, ila nitamwacha Madame Syntiche amalize sentensi zake.

Kaka yako,
Liévin

*

Kambove
16 Novemba 2025

Kwa mwenye nyumba, Mama Léonie, Hewa Bora

Bila shaka unakumbuka kwamba siku ile benki nilikaa kimya muda mrefu kuliko siku ya ubatizo wangu. Niliuliza maswali saba tu. La saba, kama mtu anaruhusiwa kulipa zaidi akipata na kama atatozwa kwa kulipa mapema, lilimfanya Madame Syntiche aende kumwita mkubwa wake, na mkubwa wake akaenda kutafuta karatasi. Ruhusa iko, kuanzia mwaka wa tatu, kwa ada ndogo. Mkubwa aliniuliza kama mimi ni mwanasheria. Nilimwambia mimi ni mpangaji.

Na kama mpangaji nakuandikia leo. Sabini na saba za mwezi huu umepewa na Guelor, na stakabadhi sijaiona. Aidha binti yangu ananiarifu kwamba bomba la ukutani, nje ya mlango wa annexe, linavuja kwa wiki mbili sasa, na kwamba anakanyaga tope akienda masomoni na viatu nilivyomnunulia mimi. Nimewahi kusoma historia ya wenye nyumba tangu zama za kale mpaka leo, na wote huanza hivyo, na bomba. Kesho itakuwa paa.

Nadai bomba litengenezwe. Nakupa siku saba, kisha nitazungumza redioni.

Mpangaji wako,
Liévin

*

Hewa Bora, Lubumbashi
19 Novemba 2025

Kwa mpangaji wangu,

Stakabadhi imo humu, yenye tarehe na sahihi.

Kuhusu bomba, imenibidi nitazame kwanza ni la nani. Tangu mwezi wa kumi hapa kwetu tuna utaratibu mpya. Karatasi ya mshahara ikifika, hatuitupi tena kwenye droo; wanangu na Plamedie wanaisoma mezani wote watatu, mstari kwa mstari, wakigombania penseli. Wanailinganisha na jedwali la benki, wakitafuta ni kiasi gani kimeingia kwenye nyumba kweli. Zile elfu sita za likelemba tulishakubaliana kwamba zilinunua mabati na baraza. Mwezi wa kwanza wa mkopo zikaingia dola 98, na wa pili 99. Mwanao alichukua chaki akaanza kuhesabu matofali kutoka dirisha la sebule, akapiga mstari kwenye kona ya jiko. Mpaka hapo ni petu. Jirani alipoegemea ukuta Jumapili, mdogo alimwambia: "Tantine, hapo unaweza kuegemea, hapo tumeshalipa."

Mwisho wa mwezi huu chaki itasogea tena. Nimepitia ukuta mzima kwa makini, Yaya, kwa heshima ya barua yako. Mstari wetu haujafika hata karibu na hilo bomba. Kwa hesabu ya watoto tutalifikia mwaka 2029.

Kwa sasa bado ni la benki. Mwandikie Madame Syntiche. Nilimwona juzi, akaniuliza: "Na ule kaka yenu, atarudia?" Nilimwambia yuko anatafuta sababu.

Léonie
Mwenye paa, baraza, na ukuta kutoka dirishani hadi kona ya jiko